Nani Anamfukuza?



Mwezi huu najibu barua moja tu. Ni ndefu, na aliyeiandika ameomba asitajwe jina, lakini jambo lililomo linawagusa hata wale ambao hawana mpango wa kukimbia hata kuwahi basi. Imetoka Gulwe, wilayani Mpwapwa, kituo ambacho wasafiri wa zamani wa Reli ya Kati wanakikumbuka kwa kusubiri, maana mto Kinyasungwe ukifurika huweza kuondoka na tuta la reli, kama ilivyotokea mwishoni mwa 2009 na mwanzoni mwa 2010.

Mwenzetu huyu ni mwalimu wa shule ya msingi. Mume wake anafanya kazi relini, na siku nyingine hayupo nyumbani. Wana watoto watatu, wa mwisho ana mwaka mmoja na nusu, na mama mkwe anaishi nao. Mwezi Septemba 2025 aliangalia kwenye simu ya mumewe jinsi Alphonce Simbu, kijana wa Singida, jirani zetu kabisa, alivyoshinda marathoni ya dunia kule Tokyo kwa tofauti ya sekunde 0.03 baada ya kilometa 42. Alifurahi hata akashindwa kulala. Mdogo wake wa kiume, ambaye yuko Kigali, akamwambia kwamba marathoni ni kipande tu cha habari yenyewe, kwani yako mashindano ambamo mtu anaogelea, kisha anapanda baiskeli, kisha ndipo anakimbia, yote kwa siku moja bila kupumzika.

Mashindano hayo huitwa triathloni. Ile ndefu kabisa ina kilometa 3.8 za kuogelea, 180 za baiskeli na 42.2 za kukimbia, na mtu hupewa kama masaa 17 kumaliza. Ilianza Hawaii mwaka 1978 kwa watu 15, wakamaliza 12. Nusu yake, yaani kilometa 1.9, 90 na 21.1, ilifanyika karibu nasi mwezi Agosti 2022, huko Rubavu nchini Rwanda, kando ya Ziwa Kivu. Mama wa Gulwe akaiweka Rubavu moyoni. Akaanza kukimbia asubuhi tatu kwa wiki, na Jumamosi baiskeli ya mumewe.

Sasa sikilizeni alivyoandika baada ya miezi mitano. Anasinzia darasani. Analia kwa jambo dogo. Juzi alimpiga mtoto kwa kumwaga uji, jambo ambalo si tabia yake. Kwa miezi mitatu hajaziona siku zake, na amepima, si mjamzito. Mama mkwe amemwuliza mbele ya wageni: "Mwanamke mzima anakimbia, nani anamfukuza?" Mume hajakataza wala hajaruhusu, amenyamaza. Na mwisho anauliza: "Naona moyo wangu ni dhaifu. Nifanyeje niutie moyo wangu nguvu kama wale wanaomaliza?"

Mwenzangu, moyo wako si dhaifu. Nimeisoma barua yako mara tatu nikitafuta mahali ulipolegea, sijapaona. Nilichokiona ni ratiba yako, ambayo uliiandika pembeni kana kwamba si kitu. Unaamka saa kumi alfajiri. Unakimbia hadi saa kumi na mbili kasoro. Unachota maji mara tatu, na ndoo ya lita 20 ni kilo 20 kichwani, tusisahau. Saa moja na nusu uko shuleni. Mchana unakula kilichobaki. Jioni kuni, chakula, madaftari ya wanafunzi. Unalala saa tano usiku. Hayo ni masaa matano ya usingizi kwa mwili unaofanya kazi ya watu wawili, na bado kuna mtoto anayeamka usiku.

Kuna jambo moja ambalo makocha hulisema kila siku nasi akina mama hatulisikii. Mazoezi hayaujengi mwili wakati unapoyafanya. Wakati ule yanaubomoa. Misuli inapata michubuko midogo midogo, akiba ya sukari iliyomo inakwisha, mifupa inatikiswa. Ujenzi unafanyika baadaye, ukiwa umelala na umeshiba. Mtu akikimbia halafu asilale wala asile vya kutosha, anabomoa leo, anabomoa kesho, na kesho kutwa anashangaa nyumba haisimami. Wale wanaojiandaa kwa triathloni ndefu hutumia masaa kama kumi hadi kumi na tano kwa wiki kwa mazoezi, lakini waulize wanalala saa ngapi, na nani anawapikia.

Kwa habari ya siku zako, hili usilipeleke kwa jirani, lipeleke hospitali, na uende wiki hii. Zipo sababu nyingi. Kama unatumia sindano ya uzazi wa mpango, hiyo yenyewe huweza kusimamisha siku. Kunyonyesha nako huweza kuzichelewesha. Mweleze mganga yote mawili, na umwambie pia kwamba unakimbia, maana asipojua hawezi kuliwaza. Mwili wa mwanamke unaotumia nguvu nyingi kuliko chakula unachopata hufunga milango mmoja baada ya mwingine ili uokoe kilichobaki, na mlango wa uzazi ni miongoni mwa ile inayofungwa mapema. Watu huona ni nafuu, kwamba wamepumzika na usumbufu. Si nafuu. Homoni ileile inayoleta siku ndiyo inayolinda mifupa, na ikipungua kwa muda mrefu mifupa hulegea na kupata nyufa ndogo ambazo huja kuonekana kama maumivu ya muundi yasiyopona. Huko kulia ovyo na kusinzia nako ni ukoo huohuo. Omba upimwe wingi wa damu pia. Mama aliyezaa watatu na anayekimbia hana ruhusa ya kukisia damu yake.

Nije sasa kwenye moyo, maana ndilo swali lako. Sisi Watanzania tuna mfano wetu, John Stephen Akhwari. Tarehe 20 Oktoba 1968, katika marathoni ya Olimpiki ya Mexico City, alianguka akaumia goti, akafungwa bandeji, akaendelea, na akaingia uwanjani zaidi ya saa moja baada ya mshindi, Mamo Wolde wa Ethiopia. Alikuwa wa mwisho kati ya waliomaliza. Mfano huu unasimuliwa shuleni na kwenye semina, na unastahili. Ila naona tunausimulia nusu. Akhwari alikuwa na siku moja ya namna ile, baada ya miaka ya maandalizi, mahali penye matabibu. Wewe unataka kuifanya Mexico kila asubuhi, kisha ukachote maji kwa goti lilelile. Goti lako ndilo linalolima. Likiharibika njiani hapo Gulwe hakuna gari linalokuja nyuma yako.

Mfano wa pili ni wa mwanamke. Mwezi Februari 1982 mwanafunzi mmoja Mmarekani, Julie Moss, alikuwa anaongoza wanawake kwenye triathloni ya Hawaii. Akiwa karibu kabisa na mwisho miguu ilimwishia. Akaanguka, akainuka, akaanguka tena. Mwenzake Kathleen McCartney akampita. Julie akatambaa kwa mikono na magoti mpaka akauvuka mstari, sekunde 29 nyuma. Televisheni ilionyesha, na watu wengi walioiona picha ile walianza mchezo huo kwa ajili yake. Kila mtu alisema, tazama moyo! Mimi nakubali, moyo ulikuwepo. Lakini kilichomwangusha hakikuwa ukosefu wa moyo. Mwili ulikuwa umeishiwa. Akiba ya sukari iliyomo kwenye misuli na ini ni ndogo, na mkimbiaji asiyekula njiani kwa kawaida huanza kuikosa kuanzia kama kilometa ya 30. Ubongo nao unaishi kwa sukari hiyohiyo. Ndiyo maana mtu aliyeishiwa anaanza kuona mambo meusi: anajidharau, anawachukia watu wake, anasema yote ni bure. Anadhani hayo ni mawazo yake. Akipewa kikombe cha uji wenye sukari, baada ya dakika ishirini mawazo yamebadilika.

Kwa hiyo kabla hujasema moyo wako ni dhaifu, uulize umekula nini na umelala lini.

Hata hivyo akili nayo inafundishwa, sikatai. Wanaokwenda mbali hawaifikirii safari yote. Wanaigawa. Kwenu huko mibuyu ipo ya kutosha, basi kimbia mpaka mbuyu ule, ukifika tazama mwingine. Simbu mwenyewe kule Tokyo alikaa ndani ya kundi kwa subira karibu mbio zote, akatumia alichokiweka akiba hatua za mwisho kabisa. Jifunze pia kutofautisha maumivu. Yapo ya uchovu, yanayoenea mwili mzima na kupungua ukipunguza mwendo. Hayo unaweza kuongea nayo. Yapo ya jeraha, yanayokaa mahali pamoja, unayoweza kuyaonyesha kwa kidole, yanayozidi kila hatua. Hayo usiongee nayo. Simama, rudi nyumbani kwa miguu. Na kifua kikibana au kichwa kikizunguka, simama palepale, na usirudi barabarani kabla hujaonana na mganga.

Sasa nyumbani. Hapa ndipo penye mlima, na wala si Rubavu.

Umeandika kwamba mume amenyamaza. Ndugu zangu, tunajua ukimya wa mume. Mara nyingi si hasira, ni kwamba hajui anaombwa nini. Umeanza kukimbia, umeendelea na kazi zote kama zamani, hukumwomba msaada wowote kwa sababu uliogopa asiseme "basi acha". Kwa hiyo yeye anaona mke anayekimbia na kuchoka na kukasirika, na haoni mahali pa kuweka mkono wake. Chagua jioni ambayo ameshiba na watoto wamelala. Mwonyeshe wiki yako kwenye karatasi, ileile uliyonitumia. Usimwombe ruhusa ya jumla, kwani ruhusa ya jumla ni rahisi kutoa na ni rahisi kunyang'anya. Mwombe vitu viwili vyenye siku na saa. Kwa mfano, Jumamosi asubuhi akiwepo, watoto ni wake mpaka saa nne. Na maji ya siku za mazoezi yasiwe juu yako: ama ayalete yeye kwa baiskeli, ama alipwe kijana wa kuyaleta, na mtoto wako mkubwa asaidie kwa kidumu kinacholingana na umri wake. Ndoo tatu zikitoka kichwani mwako, umepata karibu saa nzima ya kulala.

Wengine mtasema mume wa Kiafrika hawezi. Wapo waliokwisha kuweza. Catherine Ndereba wa Kenya alimzaa binti yake mwaka 1997. Baada ya hapo ndipo alipoanza kushinda Boston, mara nne kati ya 2000 na 2005, akawa bingwa wa dunia wa marathoni mwaka 2003 na 2007, na kupata medali mbili za fedha za Olimpiki. Mume wake alibaki na mtoto mama akiwa mbioni nchi za nje, na hilo lilikuwa jambo geni machoni pa wengi. Faith Kipyegon alijifungua mwaka 2018, akarudi kushinda Olimpiki mwaka 2021 na tena 2024. Hawa wana makocha na posho, najua, na wewe una chaki na jembe. Lakini hata wao hawakufanya peke yao, na hilo tu ndilo ninalotaka ulichukue.

Na mama mkwe? Usimjibu mbele ya wageni, na usimjibu peke yake kwa ukali. Ameuliza swali la haki. Katika maisha yake mwanamke aliyekimbia alikuwa anakimbia kitu: mwenye hasira, simba, au mvua. Kaa naye mkichambua mboga, mweleze. Mwambie unahitaji mtu wa kukaa na mdogo Jumatano alfajiri na kwamba humwamini mwingine kuliko yeye. Bibi akipewa kazi ya kweli katika jambo, mara nyingi huacha kulicheka. Na mavazi yazingatie: kaptula ndefu ya kubana na sketi au kitenge chepesi juu yake havimzuii mtu kukimbia, na vinawapunguzia wazee maneno. Sidiria imara inayoshika vizuri ni ya lazima, hasa kwa anayenyonyesha, na ni vema kumnyonyesha mtoto kabla hujatoka. Mazoezi hayaharibu maziwa, hayo ni maneno ya mtaani. Mkojo ukiponyoka unapokimbia, usione aibu ukanyamaza. Ni jambo la kawaida baada ya kuzaa na lina matibabu ya mazoezi ya nyonga, waulize wauguzi. Mama aliyejifungua karibuni asikimbie kabla ya miezi mitatu.

Kwa sasa, ushauri wangu ni huu. Mwezi mmoja usikimbie kabisa mpaka majibu ya hospitali yatoke. Tembea, na ulale. Ukiruhusiwa, anza upya kwa asubuhi tatu fupi, uongeze kidogo kidogo kila wiki, na kila wiki ya nne upunguze. Siku moja kwa wiki isiwe na zoezi lolote. Usikimbie peke yako gizani. Tafuta mwenzako, au kijana wa nyumbani afuate kwa baiskeli. Reli acha, kimbilia barabara ya Mpwapwa. Rubavu iweke mbali kwanza. Mbio za NBC Dodoma Marathon, ambazo miaka hii zimekuwa zikifanyika mwezi Julai, zina umbali wa mtu wa kawaida, na fedha zake zimesaidia vita dhidi ya saratani ya mlango wa kizazi, jambo ambalo ni letu. Anza na kilometa 10 pale.

Kuogelea ndiko kunakonitia wasiwasi zaidi. Sisi watu wa nchi kavu hatukukulia majini. Kinyasungwe sehemu kubwa ya mwaka ni mchanga ambao watu wanachimba kutafuta maji, na ukija wa masika unakuja na magogo. Bwawa la Mtera lina mamba na viboko. Kuogelea hakujifunzwi kwa ujasiri. Subiri mpaka upate mwalimu na bwawa lenye mipaka, hata ikichukua miaka miwili. Na habari ya baiskeli ya mashindano, bei yake ni ya ng'ombe kadhaa, na kiingilio na safari ni juu ya hapo. Ikiwa fedha hiyo ni ada ya mtoto, basi si wakati wake. Nasema hivi nikijua hutaipenda aya hii.

Chakula chenu cha huko ni kizuri kuliko mnavyokidhani. Ugali wa uwele au mtama, mlenda wenye karanga nyingi, maharage, maziwa, na nyama ya mbuzi inapopatikana. Ubuyu una vitamini C nyingi, na ukinywewa pamoja na chakula husaidia mwili kuchukua madini ya chuma kutoka kwenye mboga na nafaka. Chai ya majani hufanya kinyume chake, kwa hiyo iache mpaka saa moja baada ya kula. Kula kitu kabla hujatoka, hata nusu kikombe cha uji, na kula tena ndani ya saa moja baada ya kurudi. Mwache mume ale, watoto wale, nawe ule pamoja nao, kutoka sahani yenye kitu, si ukoko.

Kwenye mwendo mrefu wa zaidi ya saa moja na nusu beba yale maji tunayowapa watoto wanaoharisha: lita moja ya maji safi yaliyochemshwa, vijiko sita vya chai vya sukari na nusu kijiko cha chai cha chumvi. Kunywa unapoona kiu. Usijilazimishe kunywa maji matupu mengi kwa kuogopa jua; maji yakizidi mno huzimua chumvi ya damu, na hilo nalo limewahi kuua wakimbiaji.

Umeuliza mwisho kuhusu viatu. Vya mitumba vinafaa ukivichagua. Vikunje kwa mikono: kiatu kijikunje pale vidole vinapoanzia, si katikati. Tazama soli, kama imelika upande mmoja, mwache mwenye nacho abaki nacho. Jaribu jioni, kwa sababu mguu wa jioni umevimba kama utakavyovimba ukikimbia mbali, na uache nafasi ya upana wa kidole gumba mbele.